Hapo Nyuma Ni Bangwe

Video ya kwanza walinipa sekunde nne.
Nilizihesabia kwa kinyozi, pale Mwanga,
mteja kafunikwa shuka, kichwa kimenyolewa nusu,
nami ukutani napita: kisigino, nyonga, kisigino,
kisha kijana wa Gungu akarudi kuimba
kwamba halali usiku kwa ajili yangu.
Jina langu aliliuliza tulipomaliza kazi.
Feza, nikamwambia. Feza Bukuru.
Akasema, "Poa," akaenda kutafuta chaja.

Dairekta Yamungu alitufikisha Bangwe jua halijapanda.
Akakataza mitumbwi isionekane,
akamwondoa mama aliyeanika dagaa,
akalinyooshea ziwa kidole: "Leo wewe ni Miami."
Na ziwa likatii.
Likajikausha, likajitia bahari,
lenyewe halina hata punje ya chumvi.
Kicheko kikanitoka.
"Kata! Feza, usicheke. Wewe tajiri."

Tajiri, gauni bado lina lebo,
limebanwa mgongoni kwa vibanio vya kamba ya nguo,
saa sita lirudi dukani, na lirudi bila jasho.
Hebu cheza wewe bila jasho
Kigoma, mwezi wa tisa.

Video ya tano nikapewa gari la kuegemea.
Mwenye gari alisimama kando ya kamera
akiniomba kwa macho nisichubue rangi.
Ya tisa nilikuwa bibi harusi.
Ya kumi, mwizi wa bwana harusi.
Ya kumi na mbili nililia kwa kitunguu,
mama akaniona kwenye simu ya jirani, akapiga:
"Nani kafa?"

Hakunikemea, mama. Siku moja tu, akichuja mawese,
aliuliza wanaotazama ni wangapi.
Laki tatu, nikajibu, na kifua mbele.
Akanyamaza, akahesabu, mafuta yakidondoka.
"Wangetoa kumikumi tu
tungeezeka."

Mwaka huu Yamungu kaja na Minani, miaka ishirini,
mimi akanikabidhi ubao uliobandikwa karatasi ya fedha.
"Shika hapa, dada. Mmulike shavu."
Nikaushika. Jua lilinipiga mimi kwanza
ndipo likamwendea yeye.
Walipobadilisha betri nikamnong'oneza:
pesa kwanza, ndala ndiyo uvue baadaye.
Akacheka. "Kata!"

Nimejumlisha zote, kuanzia ile ya kisigino:
dakika mbili na sekunde arobaini.
Hazijazi wimbo mmoja.

Jana kinyozi kasimamisha mashine hewani.
"Huyo si wewe?"
"Yupi?"
"Huyo hapo nyuma."
Hapo nyuma ni Bangwe, nikamwambia.
Tazama vizuri. Yale maji
unaweza kuyanywa.