Vipimo vya Bi Tweti

Daftari la mama lina jalada la khaki,
na ukurasa wa hamsini na tatu una doa la chai
pana kama ziwa. Juu ya ziwa, kwa penseli:
Bi Tweti. Kifua 34. Kiuno 24.
Mkono wa kushoto umezidi wa kulia kwa robo inchi.
Usimwambie.

Jina lake hasa lilikuwa Marjorie Thwaite,
ila mama aliandika alichosikia,
na mabango ya ukumbini hayakumhusu.

Alishuka Embakasi mwaka sitini na mbili
na kundi la waigizaji wa Kiingereza, maonyesho ya wiki tatu,
masanduku kumi na moja, moja likapotelea Khartoum:
lile la malkia.
Basi mama akaitwa usiku kutoka Ngara,
akalikata pazia la chumba cha wageni,
akashona ufalme hadi alfajiri,
pini zimejaa mdomoni,
hajibu lolote ila kwa nyusi.
Kesho yake malkia akasimama jukwaani ndani ya pazia
na watu wa mstari wa mbele wakainuka.

Wenzake walirudi kwao. Yeye akabaki.
Kila aliyeuliza sababu alipewa sababu yake.
Mimi nilipewa hii: "Huku nguo ilinikaa."

Kiuno 26: mjane mwenye bastola.
Kiuno 27 na nusu: mtawa.
Kiuno 27: ile nusu imefutwa, kwa amri ya mwenyewe.

Kisha filamu. Walikuja na kamera zao hadi Naivasha
wakimtafuta mke wa mlowezi,
mtu wa kufa kwa homa kabla mambo hayajachangamka.
Alikufa kwa homa mara sita, Bi Tweti,
na mara moja kwa simba, ambaye siku hiyo hakuja;
alipiga yowe lile akitazama ndoo.
Tulikwenda kumwona, mimi na mama, sinema ya saa tisa.
Mama hakutazama uso. Alitazama pindo.
"Limeshika," akasema, taa zilipowaka.

Mwaka wa themanini na mbili kiuno hakikuandikwa.
Kazi zimekauka, simu ya London hailii.
Gauni la kijivu analilipia kwa kunifundisha kupumua:
kiganja tumboni, sauti itoke chini ya kitovu,
isipitie puani. Kwa kuwa hatukuwa na kitabu
nikasoma bei za vitambaa vya Mtaa wa Biashara,
poplini, satini, lesi ya kupima kwa yadi,
kama hakimu anayesoma hukumu ya kunyonga.

Halafu ile tamthilia ya Kiswahili,
mama mkwe, mistari arobaini.
Badala ya ng'ombe akasema "gombe"
na ukumbi ukaangua kicheko.
Usiku wa pili akasema "gombe" kusudi,
akanyamaza, akakihesabu kicheko
kama mtu anayehesabu chenji mbele ya kondakta,
ndipo akaendelea.
Nyuma ya pazia mama alizitoa pini mdomoni,
zote, moja moja, akazichomeka kwenye kitambaa,
na yeye akacheka.

Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako.
Hawakumjua mama.

Kipimo cha mwisho ni cha kalamu, mwandiko wangu,
maana macho ya mama yalikuwa yamekwisha.
Parklands, ghorofa ya nne, lifti mbovu.
Bi Tweti ameisahau London, amemsahau malkia,
na mimi ananiita Drusila, jina la mama.
Namzungushia futikamba,
mikono yake inainuka yenyewe, inatulia hewani
kama ilivyozoea.
"Hili ni igizo gani?" akauliza.

Nilikuwa na pini mdomoni.
Nikajibu kwa nyusi.

Kiuno 22.
Mkono wa kushoto bado umezidi.