Uhakiki

Mashine imesema umekufa, Mwalimu.
Si mimi. Mimi nimekaa tu nyuma ya kioo,
dirisha namba nne, Mbeya, mwezi wa sita,
koti juu ya sweta, chai imeshapoa,
na mlima Loleza umejifunika ukungu
kama mgonjwa asiyetaka wageni.

Jina: Anyelwisye Mwakasungula.
Kazi: mwalimu wa baiolojia, mstaafu.
Hali: marehemu, tangu Machi mwaka juzi.
Nasoma kwa sauti ya chini, kwa aibu,
nawe umesimama mbele yangu, mwavuli unachuruzika
mvua ya Tukuyu uliyoibeba tangu alfajiri.

"Ugonile, mwanangu. Rudia hapo kwenye hali."

Narudia.
Unacheka mpaka unakohoa,
na wastaafu kwenye benchi wanageuka kumtazama maiti.

"Kidato cha pili," unasema, "mtihani wa Novemba.
Swali la saba. Uliandika nini?"

Mungu wangu.
Mvua ilikuwa inatwanga bati siku ile ya somo,
hatukusikia neno, ukaacha kusema, ukachora:
samaki mnene, chaki ya bluu, madoa meupe,
mapezi yenye mashina, kama mikono
ya mtoto anayejifunza kutambaa.
Silikanti.
Wewe uliyeijua bahari kwa ramani,
ambaye maji yako makubwa yalikuwa Nyasa, pale Matema,
mvua ilipokatika ulitueleza kiza cha mapango ya chini
kana kwamba umetoka huko jana
na nguo bado hazijakauka.

Wataalamu walimkuta kwenye mawe, ulisema,
wakamwandikia tarehe, miaka milioni sitini na kitu,
wakafunga faili.
Kisha siku moja akaja kwenye wavu
pamoja na papa na takataka,
ana mafuta, ana hasira, anauma.

Tukakuuliza alikuwa wapi muda wote huo.

Ukasema: nyumbani kwake.

*Eleza hali ya silikanti kwa sasa.*
Niliandika: Ametoweka.
Wino mwekundu ulipita katikati ya neno,
na pembeni, kwa mwandiko wako wa kulala:
*Nani kakwambia? Ulimtafuta?*
Sifuri kati ya tano. Nililia mashamba yote ya chai
mpaka Katumba.

Sikukutafuta, Mwalimu.
Miaka ishirini na mmoja, kilomita sabini na kitu za lami,
nikapita hapo kwenda misibani, kwenda harusini,
na sikukutafuta.

"Sasa huo mfumo unataka nini ili niwe hai?"
Barua ya mtendaji wa kata, picha mbili, alama ya kidole.
Nakishika kidole chako. Kina nyufa, kina utomvu wa migomba.
Kijimashine kinawaka nyekundu.
Tena. Nyekundu.
Mistari imefutika; chaki imeila
kwa miaka thelathini na minne.
Nakipuliza kukipa joto, kama ninayempuliza mtoto aliyeungua.
Nyekundu.
Benchi zima limenyamaza. Mmoja wao
anajitazama kidole chake.

Basi nachukua kalamu ya mhasibu, ile nyekundu.
Kwenye fomu, palipoandikwa *marehemu*,
napitisha mstari katikati ya neno,
na pembeni naandika: *Nimemwona.*
Jina langu. Tarehe. Muhuri, mara mbili,
maana wa kwanza umetoka hafifu.
Dodoma watasemaje, sijui.

Wewe tayari umeinama kwenye kiroba chako,
unajaribu kupitisha parachichi chini ya kioo.
Linakwama. Unalisukuma, nami nalivuta,
foleni nyuma yako inatoa ushauri.

"Lile swali la saba," unasema ukifungua mwavuli
ndani ya ofisi ya serikali, "nakupa mbili."

"Mbili tu, Mwalimu?"

"Umechelewa kukusanya."