Saa Sita Ipi

Mimi naandika mwenendo wa shauri, basi.
Wakili akikohoa, kikohozi hakiingii.
Shahidi akilia, naandika: ananyamaza kidogo.
Jumatatu ile, chumba namba mbili, feni imekwama,
nikaandika jina: Mwantumu Sekibaha, miaka kumi na tisa,
wa Ngamiani, Barabara ya Kumi na Nne,
mleta maombi.
Mjibu maombi: Chuo.

Chuo kina viti mia moja vya udaktari.
Vitatu vimetengwa, kwa kanuni na kwa barua,
kwa wenye ulemavu wa viungo.
Mwantumu alipewa cha tatu.
Alama zake zingetosha hata kwa visivyotengwa.
Hilo wakili wake alilisema mara mbili,
nami nikaliandika mara moja.

Kilichobaki ni cheti: jopo la madaktari
lithibitishe kuwa mguu wa kushoto ni mfupi.
Alikuwa nacho, cha mwaka juzi.
Kimepitwa, wakamwambia, kapimwe upya.
Huenda umerefuka.

Jopo hukaa Alhamisi.
Alhamisi hiyo mmoja wao yuko Pangani, semina,
mhuri umo kwenye droo yake,
ufunguo umo mfukoni mwake.
Ijumaa, watu wanatoka msikitini, ndipo mhuri ukagonga.
Wino ulikuwa mbichi. Ndani ya bajaji
Mwantumu alikipepea cheti kwa daftari
kama anayepoza uji wa mgonjwa.

Kielelezo A, tangazo la Chuo, mstari wa nne:
*Mwisho wa kupokea vyeti ni Ijumaa, saa sita.*
Alifika saa nane na robo. Dirisha limefungwa,
nyuma ya kioo mtu anakula chungwa.

Wakili wa Chuo akasimama, akavuta mikono ya joho:
Mheshimiwa, saa sita ni saa sita.
Dirisha ni la mchana. Dirisha halina usiku.

Bi Shekolowa, wa upande wa pili, hakuvuta kitu:
Mheshimiwa, tuteremke mstari mmoja.
*Ada italipwa kwa simu hadi saa sita usiku, siku hiyo hiyo.*
Fedha ina usiku, cheti hakina?

Jaji akavua miwani.
Na ikiwa ni usiku, akauliza,
usiku wa Ijumaa ni upi?

Hapo vidole vyangu vikasimama.
Kwetu Makorora, Alhamisi jua likishazama
mama alituita: leteni chetezo, leo usiku wa Ijumaa.
Kwa hesabu ya mama, Mwantumu alichelewa
cheti hakijaandikwa bado.
Kwa hesabu ya dirisha, alichelewa saa mbili na robo.
Kwa hesabu ya simu, alibakiwa na saa kumi kasoro robo,
angeweza kurudi nyumbani, akala, akalala, akaamka.
Hakuna aliyeniuliza. Karani haulizwi.

Mwantumu akaambiwa anaweza kutoa ushahidi ameketi.
Akashukuru, akasimama.
Soli yake ya kushoto imeongezwa tairi, mikato mitatu,
kazi safi ya fundi wa sokoni, misumari haionekani.
Wakili wa Chuo akamuuliza:
ulijua kuwa muda ni muda?
Akasema: nilijua.
Na kwa nini hukuwahi?
Akautazama mguu, akamtazama yeye.
Nikaandika: shahidi ananyamaza kidogo.
Safari hii hakuwa analia.

Masomo yameanza, wiki ya tatu.
Kiti hakijapewa mwingine, Chuo kimeapa hivyo,
aya ya kumi na moja ya kiapo kinzani.
Wenzake wameshafika kwenye mifupa ya paja.

Shauri likaahirishwa.
*Uamuzi tarehe kumi na saba, saa tatu,*
akatamka Jaji, akainuka, tukainuka.
Feni ikazunguka nusu, ikakwama tena.

Miaka ishirini na miwili sijaongeza neno
ambalo kinywa hakikulitoa.
Nilitazama mlangoni, mahakama imekuwa tupu.
Nikarudi kwenye mstari wa mwisho,
nikaandika: *asubuhi*.