Vibandiko Tisa

Chumba hiki kilikuwa ghala la pareto.
Hata leo, mvua ikipiga mabati, harufu ya maua makavu
hutoka kwenye nyufa za saruji,
nasi wa kitengo cha mitambo hutaniana:
hapa Nakuru hakuna mdudu wa kuingia kwenye programu.

Alhamisi alikuja mkaguzi wa hesabu, Bwana Nyakundi,
kabrasha kwapani, vibandiko tisa mkononi,
kila kimoja na namba yake, MALI YA CHAMA.
Seva saba, swichi mbili.
"Nionyeshe."

Nikamwonyesha kabati. Chuma kimoja cheusi,
kimo cha tofali, feni zikinguruma.
"Na hizo sita?"
"Zimo humo humo."
Akainama. Akazunguka nyuma. Akanitazama
kama anayetazama risiti isiyo na muhuri.

Nikamweleza: moja ni daftari la maziwa,
nyingine mishahara, nyingine barua,
nyingine hutuma ujumbe Molo, Njoro, Subukia,
mkulima ajue lita zake kabla hajafika kwake na debe.
Mashine pepe, mzee.
"Pepe," akasema, akilionja neno.
"Kwetu punje pepe ni ile isiyo na kiini."

Sikujibu.
"Swichi walau naziona. Mbili."
Hapo nilipaswa kunyamaza pia.
"Hizo," nikasema, "ni moja."

Maana Jumapili usiku tulizipandanisha,
Chelimo kashika tochi kwa meno,
kebo fupi nene zikizunguka migongoni,
toka hii hadi ile, na kurudi, duara,
njia ikikatika huku habari ipite kule.
Ile ya chini ilikataa undugu saa mbili nzima:
toleo lake lilikuwa la zamani kuliko la mwenzake.
Tukalisasisha. Taa ikawa ya chungwa.
Ikawa ya chungwa.
Tukanywa chai yote ya thermosi, bado ya chungwa.
Saa nane na dakika kumi, kijani.

Mafahali wawili hawakai zizi moja.
Hawa hukaa, kwa kuwa tumepanga mapema nani atangulie,
na mwingine amekubali kufuata akijua
siku yoyote ataamka yeye ndiye.

Kisha nikachomeka waya nne za seva, zote nne,
kwenye swichi ya juu, nikapiga mwayo, nikaridhika.
Chelimo akamulika.
"Miguu minne," akasema, "na jiwe moja."
Nikachomoa mbili, nikazishusha chini. Sikumshukuru.
Namshukuru hapa.

"Mbili ni moja, na moja ni saba," Bwana Nyakundi akaandika,
akafuta, karatasi ikatoboka.
Nikamwambia, vuta plagi ya hiyo ya juu.
"Mimi?"
"Wewe."
Ilikuwa saa nne asubuhi, malipo ya mwezi yakipita.
Mkono wake ulikwenda, ukarudi, ukafuta jasho kwenye suruali,
ukaenda.

Taa za juu zikafa zote.
Kwenye skrini majibu yalikuwa yakishuka mstari kwa mstari;
mmoja ukakosekana.
Mmoja.
Halafu ikaendelea, kana kwamba mtandao umemeza mate tu.
Mlangoni simu ya mlinzi ikalia,
Bi Wangechi, mwenye ng'ombe watatu kule Bahati,
akasoma kiasi kwa sauti, akaguna, "Wamekata dawa ya kupe."

Bwana Nyakundi hakusema kitu.
Alirudisha plagi kwa mikono miwili.
Alibandika kimoja swichi ya juu, kimoja ya chini.
Vilivyobaki saba alivibandika kwenye chuma,
lakini si kimoja kando ya kingine.
Kimoja juu ya kingine, pembe kwa pembe,
akikandamiza kila kimoja kwa gumba,
akihesabu kwa Kiswahili, kisha kwa Kigusii.

Bado vipo. Joto limeanza kukunja ukingo.
Kinachosomeka ni cha juu tu;
mkaguzi wa mwakani itabidi abandue.