Mpima Maziwa wa Rushere

Alfajiri pikipiki zimefika,
madumu ubavuni kama watoto wasiotaka shule.
Nachovya kipimo, nasoma, naandika.
Kebirungi: lita kumi na moja, safi.
Barigye: ishirini, na kisima kidogo ndani.
Namwangalia. Anatazama mawingu.

“Umebakiza ya watoto?” namuuliza Kebirungi.
“Ada haingoji ndama ashibe.
Watakunywa chai ya rangi.”

Lori linafyonza tangi hadi likohoe.
Wiki ijayo maziwa yatarudi dukani yamevaa pakiti,
na picha ya ng'ombe wa madoa, hana pembe,
anacheka.
Wetu hawacheki.

Kibuyu cha mama cha kusukia samli
kiko ukutani kwangu; buibui ndiye mpangaji.
Eshabwe yake naikumbuka kwa ulimi tu,
mikono haikujifunza.

Mchana nala nimesimama, kalamu sikioni,
chapati iliyoviringishwa na mayai mawili, soda ya baridi.
Ngano yake imesafiri kuliko mimi.

Jioni nasuuza madumu ya watu wote.
Kifuniko cha Kebirungi nakiacha.
Namjua atakayekilamba njiani.