Nyuzi Sitini na Mbili

Thuwaini wa kidato cha mwisho kabandika kipimajoto
juu ya dashibodi ya gari langu, kwa utepe wa gundi,
hapa Seeb, saa saba mchana, mwezi wa Julai,
kwa sababu jana darasani nilisema
kuna kitu ambacho kwetu kisingehitaji jiko.

Sitini na nne.
"Basi, mwalimu, ingechemka?"

Ingechemka. Heksafloridi ya plutoniamu:
yabisi ya kahawia mpaka hamsini na mbili,
kisha majimaji, yenye nyuzi kumi tu za kuishi,
kisha, sitini na mbili, mvuke,
rangi ya halua ya Barka ukiiinua dirishani.
Atomi moja kati, florini sita pembeni,
kama mfiwa aliyezungukwa na jamaa
waliokuja kudai.

Miaka sita niliitumikia, katika mji wa baridi,
mikono yangu ndani ya sanduku, ndani ya glavu
nene hata hujui umeshika nini.
Nilipima Jumatatu. Nikapima tena Alhamisi,
nikadhani nimeibiwa.
Hakuna aliyeiba. Ilikuwa ikijivunja.
Chembe za alfa hutoka kitovuni mwake
na kwa kutoka hukata vifungo vyake wenyewe,
kama sehemu moja na nusu katika mia, kila siku,
bila moto, bila maji, bila adui;
florini yajiondokea,
na chini ya chombo hubaki tetrafloridi,
vumbi zito lisilotaka tena kuruka.

(Hewa yetu ya Seeb, hii inayolowesha shati kabla ya chai,
ingeigeuza asidi ya kula kioo.
Thuwaini anaandika. Mkono wake umelowa, wino unatambaa.)

Ikiingia majini, hiyo plutoniamu ina mambo mengine.
Hali nne huweza kukaa pamoja katika chupa moja.
Ubeti huu nimewatungia wanafunzi, msinicheke:

*Ya tatu ni zambarau, samawati ikitaka,*
*Ya nne usisahau, kahawia hugeuka,*
*Tano mwingi wa dharau, waridi, kisha atoka,*
*Sita ni rangi ya chungwa, saba kijani yazuka.*

Saba haizuki ila katika magadi makali.
Sikupata mizani ya kulisema hilo.

Mama, Bi Zuweina, anachambua mchele sebuleni,
kiyoyozi kinakoroma, Kiswahili chake
bado kina chumvi ya Unguja.
"Na kitu kama hicho, kinachokula kioo,
mlikiweka ndani ya nini?"
Ndani ya nikeli, mama.
"Nikeli haili?"
Huila. Mara moja.
Florini huuma uso wa nikeli, na pale ilipouma
huota utando mwembamba wa floridi,
na utando huo ndio unaoizuia isiume zaidi.
Ndiyo maana chombo kipya hatukukiamini.
Tulikiumisha kwanza, makusudi,
kwa florini tupu, usiku kucha,
ndipo tukakipa kazi.

Akatoa jiwe moja kwenye mchele.
Akatoa la pili.
"Kama sisi," alisema, "mwaka ule."
Hakusema mwaka gani.
Nyumbani kwetu hakuna anayeuliza.

Nilitaka kumwambia kwamba mfano haukai sawa,
kwamba nikeli haikuwa na ndugu, wala ufunguo
wa nyumba ambayo kitasa chake kimeshabadilishwa.
Nikamsogezea sinia.

Jioni nilirudi garini. Utepe ulikuwa umeyeyuka,
kipimajoto kimeanguka chini ya kiti,
kinasoma arubaini na tisa:
yabisi, kwa sasa, kwa nyuzi tatu.
Nikakifuta jasho la gundi,
nikakitia kwenye mkoba pamoja na madaftari,
maana Thuwaini atakitaka kesho,
na ana swali, ameniandikia kwenye simu,
kuhusu ile ya tano:
akitoka, mwalimu, anakwenda wapi?

Nusu hupanda kwa sita, nusu hushuka kwa nne.
Hilo ni jibu la mtihani. Nimemtumia.