Kilo kwa Kilo

Ghala la chama cha wakulima pale Xihu
lilikuwa na mizani moja ya chuma
na karani mmoja, Bwana Khoo, mwenye kikohozi.
Baba alishusha magunia ya mpunga mkokotenini,
nyati wetu amesimama, anatafuna hewa.
Kilo ya mpunga, kilo ya mbolea.
Mbolea ilikuwa ya serikali, nyeupe kama chumvi,
na serikali haikutaka pesa.
Ilitaka mpunga.

Nilikuwa na miaka tisa, nimeshajua kugawanya.
Njiani nikauliza: mbona gunia letu
lina miezi minne ya mgongo ndani yake,
na lao limetoka kwenye bomba?
Baba akasema, Shika kamba vizuri.

Mizani haikusema uongo.
Ilisema nusu.

Kwa maana mpunga ule ulikwenda wapi?
Mwingine ulikwenda kambini, matumboni mwa askari.
Mwingine mjini, ukauzwa rahisi
ili kibarua wa kiwanda cha nguo ashibe kwa kidogo
na mwajiri wake amlipe kidogo.
Mwingine ulipanda meli Keelung,
ukavuka bahari na ukarudi
(mama alicheka kila alipofika hapa)
ukarudi na meno ya chuma, umepakwa grisi:
mtambo wa kusokota nyuzi.
"Msiuite mgeni," alisema.
"Ni mpunga wetu. Umekua tu."

Hata yule Sih, mwenye shamba wa zamani,
aliyezoea kupokea nusu ya mavuno ya babu
akiwa ameketi, kikombe cha chai mkononi,
ardhi ilipogawiwa alilipwa makaratasi:
hisa za kiwanda cha saruji.
Akaziuza kwa bei ya samaki mkavu, akalia.
Shemeji yake alizinunua zote.
Huyo sasa ana jengo lenye lifti.

Mimi nilitimiza kumi na sita, nikaingia kiwanda cha zipu.
Vidole vilivyotenga miche mitatu mitatu
ndani ya maji ya alfajiri, bila taa,
vilijua meno ya zipu
kabla msimamizi hajamaliza kueleza.
Akanisifu. Akadhani ni yeye aliyenifundisha.

Mishahara kumi na minne nikaituma nyumbani.
Ikanunua trekta ya mkono,
nyekundu, yenye kelele za kikongwe mwenye hasira.
Nayo iliundwa mtaa wa pili kutoka kiwandani kwetu;
usiku bwenini nilikuwa nikisikia nyundo zao.
Nyati akauzwa. Baba hakwenda sokoni siku hiyo.
Alisema ana jino.

Halafu mfereji ukaanza kubadilika.
Jumatatu ulikuwa buluu, Alhamisi mwekundu wa damu ya mzee.
Wenye kupaka nyuzi rangi walikuwa juu, sisi chini.
Baba akawa anajua, kabla ya wanawake wa Taipei,
rangi gani itavaliwa msimu ujao.
Mpunga wa kona ya chini ulizaa makapi matupu.
Alikwenda kulalamika, akapewa kalenda.

Sitasema tulidhulumiwa, nikanyamaza hapo.
Watoto wangu hawajawahi kuchemsha viazi
ili vijaze nafasi ya wali.
Wala sitasema tulifanikiwa, nikanyamaza hapo.
Kuna deni mahali fulani
ambalo halikuandikwa kwenye daftari la Khoo,
na sijui hata jina la anayedaiwa.

Mwaka jana kaka yangu Bun-liong
alifunga mashine mbili kwenye banda la mbegu.
Anachonga skrubu. Sakafuni, ukichokoa na ukucha,
bado utapata pumba kwenye nyufa.

Baba aliingia na kanzi yake ya zamani,
akachota skrubu ndooni, akazimimina polepole
kutoka kiganja hiki kwenda kile.
Akachagua moja. Akaiuma kwa jino la nyuma,
kama alivyouma punje kabla ya kufunga gunia.

"Imekauka," akasema.

Kisha akamgeukia kaka:
"Na hizi, wanakupa kilo ngapi kwa kilo?"